Kutambua na kudhibiti nyasi-gugu zinazofanana katika gazoni za Bukavu: mwongozo kamili

Gazoni nyingi za Bukavu, kuanzia Muhumba na Nguba hadi paseli ndogo za Panzi, si za aina moja ya nyasi. Zilipandwa kikuyu, au ukoka, au pasipalumu. Baada ya miaka michache zimeingiliwa na aina nyingine tatu au nne, na ukizitazama umesimama zote ni kijani kile kile. Kazi huharibika hapo. Mtu anaona "shiendenti", yaani nyasi-gugu inayotambaa, anachukua jembe, analima sehemu nzima, na baada ya mwezi mmoja gugu limerudi zito kuliko mwanzo. Tatizo si jembe wala uvivu. Baadhi ya nyasi hizi huzaliwa kwa mbegu tu, nyingine hutambaa juu ya udongo, nyingine zina mashina yanayopita chini kwa chini, na mmea mmoja unaochanganywa nazo kila siku una viazi. Njia inayoua kundi moja hulizidisha lingine, kwa hiyo hapa kutambua kunachukua nafasi kubwa kuliko kuua.

Kujiandaa

Fanya uchunguzi asubuhi, siku moja au mbili baada ya mvua, udongo ukiwa laini. Chukua bisibisi ndefu au kisu chembamba, ndoo ya maji, karatasi nyeupe, na kioo cha kukuza mara 10 kama unacho. Kamera ya simu inatosha ukipiga picha karibu na kuikuza. Wiki tatu au nne kabla, acha kipande cha sentimita 50 kwa 50 bila kukatwa, kwenye kila sehemu unayoitilia shaka. Bila masuke utatambua aina nyingi, lakini masuke huondoa ubishi.

Hatua za kutambua

Kwanza, chimba, usivute. Ukivuta, shina hukatika na sehemu yenye siri hubaki ardhini. Ingiza bisibisi sentimita 15 chini, pembeni ya kishina, inua bonge lote, lioshe kwenye ndoo, lilaze juu ya karatasi.

Pili, viringisha kitako cha shina kati ya kidole gumba na cha shahada. Likizunguka kwa ulaini ni la duara. Likikataa kwa kuwa bapa, kumbuka hilo. Ukihisi kingo tatu, huo si mmea wa jamii ya nyasi kabisa: ni ndago au ndugu zake, na dawa nyingi za nyasi haziugusi.

Tatu, tafuta jani changa kabisa, lile linalotoka katikati ya shina kabla halijafunguka, ulikate kwa kisu kikali na kutazama mkato. Limekunjwa katikati, au limeviringishwa kama mkeka? Alama hii haibadiliki kwa ukame wala kwa kukatwa mara kwa mara, ndiyo maana tunaiamini kuliko rangi au upana wa jani.

Nne, vuta jani taratibu kutoka kwenye shina, mpaka uone pale linapoachana na ala yake, yaani ile sehemu ya jani inayolifunika shina. Ndani ya kona hiyo kuna kiulimi. Kinaweza kuwa utando mwembamba unaong'aa, kinaweza kuwa safu ya vinywele vyeupe, na kwenye ndago hakipo. Hapo ndipo mafundi wengi huchoka, na hapo ndipo jibu lilipo.

Tano, fuata kinachounganisha kishina kimoja na kingine. Shina linalotambaa juu lina rangi ya kijani au zambarau na majani kwenye kila kifundo. Shina la chini kwa chini ni jeupe au la manjano hafifu, limefunikwa magamba, na lina ncha kali. Aina nyingine hazina lolote kati ya hayo: ni fungu moja lenye mizizi yake tu.

Zinazochanganywa zaidi

Ukoka na sangari ndio mkanganyiko unaogharimu zaidi, kwa sababu wote wawili huitwa shiendenti na wote wana majani membamba. Ukoka, Cynodon dactylon, una kijani chenye kijivu kidogo, jani changa lililokunjwa, na kiulimi cha vinywele vyeupe vifupi. Suke lake lina vidole vinne au vitano vinavyotoka vyote kwenye nukta moja. Sangari, Digitaria abyssinica, ng'ambo ya Ruzizi wanaiita urwiri. Jani lake changa limeviringishwa, kiulimi chake ni utando, na vidole vya suke vimepangwa kwenye kijiti kifupi, kimoja juu ya kingine. Chini, sangari ina mtandao wa mashina membamba meupe yanayogawanyika ovyo na kushuka kuliko jembe linavyofika. Ukoka nao una mashina ya chini, lakini una mengi pia yanayotambaa juu, na hayo utayaona kwenye sima (saruji) na ukingoni mwa njia. Ukoka unaweza kuwa gazoni nzuri. Sangari haifai: huota kwa viraka, huacha mapengo, na huingia kwenye bustani ya mboga na mashina ya migomba.

Kikuyu, Cenchrus clandestinus, ni mwenyeji wa nyanda za juu za Afrika Mashariki pamoja na milima yetu ya Kivu, ndiyo maana inastawi hapa bila kubembelezwa. Watu huichanganya na sangari ikiwa changa. Tofauti: mashina ya kikuyu ni manene yenye vifundo vya karibu karibu, majani yana manyoya laini, jani changa limekunjwa, na kiulimi ni vinywele. Usitafute suke lake, kwa sababu maua hujificha ndani ya ala za majani. Utakachoona asubuhi juu ya gazoni iliyokatwa ni nyuzi nyeupe nyembamba zilizosimama, ambazo wengi hudhani ni ukungu au utando wa buibui.

Ulezi-mwitu, Eleusine indica, na nyasi-vidole za mwaka mmoja za jamii ya Digitaria huota pamoja mvua za Septemba zinapoanza. Ulezi-mwitu umelala bapa chini, kitako chake ni cheupe cha kung'aa kama fedha, jani limekunjwa, na ukiuvuta unahisi umeshikilia ardhi kwa nguvu zote. Vidole vya suke lake ni vinene, mara nyingi kimoja kimejitenga chini ya vingine. Ni jamii ya karibu sana ya ulezi wa kulimwa, na miche yao haitofautiani kwa macho. Nyasi-vidole za mwaka zina jani lililoviringishwa, ala zenye manyoya, vitako vya zambarau, na mashina yanayotoa mizizi kwenye vifundo yakigusa udongo. Vidole vya suke ni vyembamba. Sangari ni jamii yao, lakini hizi hazina mashina ya chini, na hilo linabadilisha kazi yote.

Chini ya miti ya avoka na kwenye kuta zenye kivuli utakuta aina mbili za majani mapana. Axonopus compressus ina shina bapa linalotambaa, ncha ya jani ya mviringo, na suke lenye vijiti viwili au vitatu, pengine zaidi. Paspalum conjugatum ina jani lenye ncha kali zaidi, na vijiti viwili tu vinavyotazamana kwa umbo la herufi T. Pasipalumu ya kawaida ya gazoni, Paspalum notatum, ina vijiti viwili pia, ila vimesimama kwa umbo la V, na mashina yake ya chini ni mafupi, manene, yamejaa magamba. Hizi mbili za kivulini si adui mkubwa. Kama kivuli hakiondoki, ni afadhali kuacha Axonopus iwe ndiyo gazoni ya sehemu hiyo kuliko kupanda ukoka ambao utakufa kwa kukosa jua.

Ndago, Cyperus rotundus, hukua haraka kuliko gazoni, hivyo siku tatu baada ya kukata huwa imekwisha kuchomoza. Shina pembe tatu, majani ya kung'aa kwa safu tatu, na chini viazi vidogo vyeusi vilivyounganishwa kwa nyuzi, kimoja baada ya kingine. Ndugu yake Cyperus esculentus ana suke la manjano, na viazi vyake viko kwenye ncha za nyuzi tu, havifuatani. Ndugu mwingine, Kyllinga, hana viazi, ana kichwa kimoja cha mviringo, na hupenda pale maji yanapotuama.

Kuondoa aina za mbegu

Ulezi-mwitu na nyasi-vidole za mwaka ndizo rahisi, mradi uwahi. Ulezi-mwitu mmoja ulioachwa ukomae hutoa mbegu kwa makumi ya maelfu. Ng'oa kwa mkono au kwa kisu ndani ya wiki nne tangu mvua zianze, kabla ya masuke. Kata chini ya kitako, kwa maana ukikata juu unachipua tena. Ukiwa umechelewa na masuke yapo, usiyaache juu ya gazoni: yakusanye kwenye mfuko, kwa kuwa mbegu huendelea kukomaa baada ya mmea kung'olewa.

Kisha uliza kwa nini umeota hapo. Ulezi-mwitu hupenda udongo ulioshindiliwa, ndiyo maana unajaa kwenye njia za miguu na mahali gari linapogeuka. Jaribu kuingiza bisibisi kwa nguvu ya mkono. Ikikwama kabla ya sentimita 8, toboa kwa uma wa bustani matundu ya kina cha sentimita 8 hadi 10, umbali wa sentimita 10 kila moja, udongo ukiwa na unyevu wa wastani. Udongo wetu mwekundu wa mfinyanzi ukitobolewa ukiwa umelowa sana, kuta za matundu hujisugua na kuziba, na kazi inakuwa bure. Tandaza juu yake mboji iliyoiva, unene wa sentimita 1, yaani lita 10 kwa mita ya mraba. Bidoni moja ya lita 20 inatosha mita mbili. Mahali ambapo watu watapita tu, weka mawe ya kukanyagia. Hakuna nyasi itakayoshinda miguu ya kila siku.

Kuondoa sangari

Kwa kiraka cha hadi mita mbili au tatu za mraba, chimba kwa uma, kamwe si kwa jembe. Jembe hukata mashina ya chini vipande vipande, na kipande chenye kifundo kimoja kinaweza kuchipua. Anza nusu mita nje ya mahali majani yanapoishia, kwa kuwa ncha za chini zimekwisha kutangulia. Inua bonge, litikise, ufuate kila uzi mweupe kwa vidole hadi mwisho. Chini ya sentimita 30 hutapata vyote, na si lazima. Kinachobaki kitachipua kikiwa dhaifu. Rudi kila baada ya siku 14 kwa miezi mitatu, ung'oe kila chipukizi lingali na majani mawili au matatu. Chipukizi linatumia akiba ya shina la chini mpaka lipate majani ya kutosha kurudisha. Ukikawia wiki tano, umelipatia nafasi ya kujilisha na unaanza upya.

Mashina uliyotoa yaanike juu ya sima au bati kiangazi, Juni hadi Agosti, mpaka yakatike kwa mlio ukiyakunja. Wakati wa mvua hayakauki: yafunge kwenye mfuko mweusi, uache juani wiki nane, au uyachome. Usiyatupe kwenye mtaro. Katika mji wa miteremko kama huu, kilichotupwa kwenye mtaro wako kinaota kwa jirani wa chini.

Kwa eneo kubwa, funika kwa turubai nene jeusi. Kata nyasi chini kabisa, mwagilia, tandika, zika kingo sentimita 10, uache miezi miwili hadi mitatu. Turubai lenye matundu ni kazi bure. Funika nusu mita zaidi ya kiraka kila upande. Huua ukoka, kikuyu na sehemu kubwa ya sangari, lakini si ndago: ncha zake kali hutoboa plastiki nyembamba, na viazi hulala vikisubiri.

Kuondoa ndago

Hapa subira inashinda nguvu. Katika mnyororo wa viazi, kile cha juu chenye majani huzuia vingine visiamke. Ukichimba nusunusu, unaukata mnyororo na kila kiazi kinaota chake. Ndiyo sababu ndago huongezeka baada ya palizi ya salongo, yaani kazi ya pamoja ya jumuiya.

Una njia mbili. Kama ni mashina machache, chimba kila moja kwa kijiko chembamba cha bustani hadi kina cha sentimita 20 au 25, utoe viazi vyote, uvianike juu ya bati. Viazi vilivyo wazi juani hufa kwa kukauka. Kama ndago imeenea, usichimbe. Ng'oa au kata majani kila wiki mbili, bila kuruka hata zamu moja, kwa msimu mzima wa mvua. Viazi vipya huanza kuundwa wiki chache baada ya mmea kuchomoza, kwa hiyo ukiwahi kila mara, viazi vya zamani huisha akiba na hakuna vipya. Wakati huohuo acha gazoni yenyewe iwe ndefu na nene. Ndago haivumilii kivuli. Angalia pia maji: bomba linalovuja au mfereji ulioziba huilisha.

Kikuyu inapoingia isipotakiwa

Ikiwa gazoni yako ni ya ukoka au una vitanda vya maua, kikuyu ndiyo gugu. Hutambaa haraka wakati wa mvua na hupanda juu ya ukoka mpaka iukoseshe jua. Chimba mfereji mwembamba wa kina cha sentimita 20 mpakani, uweke bati la zamani au matofali yaliyopangwa wima, ncha zikitokeza sentimita 3 juu. Kizuizi hicho husimamisha mashina ya chini tu. Yale ya juu yataruka, hivyo kata ukingo kila wiki mbili. Kwa maoni yetu, mwenye paseli ya mteremko asipigane na kikuyu ndani ya gazoni: ni nyasi bora kuliko zote kwa kushika udongo, na ni nafuu kuikubali.

Mteremko

Kosa baya zaidi Bukavu ni kufyeka au kunyunyizia dawa mteremko mzima kwa mara moja. Mvua moja kubwa ya Novemba juu ya udongo mtupu inatosha kuuteremsha kwenye ukuta wa jirani, na mji huu unayajua maporomoko. Fanya kazi kwa mistari inayokatiza mteremko, upana wa mita 1, ukiacha mita 2 zisizoguswa kati ya mstari na mstari. Panda mstari huo siku ileile, uufunike kwa nyasi kavu zisizo na masuke. Mstari wa pili uanze baada ya wa kwanza kushika, kwa kawaida wiki sita hadi nane. Kwenye mwinuko mkali sana acha hata sangari ikae mpaka uwe na kitu cha kuiweka nafasi yake.

Dawa

Glifosati ndiyo watu wengi huitegemea. Inaua kila kitu cha kijani, gazoni pamoja, hivyo ni ya viraka tu. Ile ya 2,4-D huua magugu ya majani mapana na haiui nyasi, kwa hiyo ukiinunua kwa ajili ya sangari umepoteza fedha.

Soma kibandiko kwanza. Kwa glifosati ya gramu 360 kwa lita, kiasi cha kawaida kwa magugu ya kudumu ni mililita 20 kwa lita 1 ya maji. Tumia maji safi ya mvua. Glifosati hushikwa na chembe za udongo, kwa hiyo maji ya tope huiua nguvu, na maji ya Ziwa Kivu yana madini mengi yanayoipunguza vilevile. Nyunyizia asubuhi isiyo na upepo, siku ambayo mvua haitarajiwi kwa saa sita, juu ya majani yanayokua vizuri ya urefu wa sentimita 10 au zaidi. Kiangazi, nyasi zilizosinyaa na kujaa vumbi hazipokei dawa. Usikate wala kuchimba kwa siku 10, ili dawa ishuke mpaka mashina ya chini. Sangari iliyokomaa huhitaji kurudiwa mara ya pili chipukizi likifika sentimita 10.

Ndani ya gazoni nzuri, vaa glavu ya mpira, juu yake glavu ya kitambaa au sifongo iliyoloweshwa dawa bila kudondoka, upake majani ya gugu peke yake. Vaa buti, suruali ndefu na kinga ya macho. Shirika la kimataifa la utafiti wa saratani, IARC, liliiweka glifosati mwaka 2015 katika kundi la vitu vinavyoelekea kusababisha saratani kwa binadamu, kwa hiyo usiiache mikononi mwa kijana wa kazi asiye na kinga. Usiitumie kando ya ziwa wala mfereji, na usiihamishie kwenye chupa ya kinywaji.

Kupanda upya na kukata

Pengo lililoachwa wazi litajazwa na gugu. Kata vipande vya kikuyu au ukoka vya sentimita 10 hadi 15, kila kimoja kikiwa na vifundo vitatu. Zika viwili, acha kimoja juu. Kwa nafasi ya sentimita 20 kila upande unahitaji vipande 25 kwa mita ya mraba. Panda Septemba au Oktoba, kanyaga taratibu, mwagilia kila siku isiyo na mvua kwa wiki mbili.

Ukataji ndio unaoamua nani atatawala. Kikuyu iwe sentimita 3 hadi 5, ukoka 2 hadi 3, pasipalumu ya kawaida 5 hadi 7. Usiondoe zaidi ya theluthi moja ya urefu kwa mara moja. Panga lililokata mpaka udongo kuonekana linafungulia jua mbegu za ulezi-mwitu. Mashine inayotoka paseli nyingine ioshwe chini kabla ya kuingia kwako.

Mwisho, chunguza unacholeta. Samadi mbichi ya ng'ombe imejaa mbegu. Subiri iive, ikiwa imepata moto wa zaidi ya nyuzi 55 na kugeuzwa mara kadhaa. Kwa mabonge ya nyasi ya kununua, osha moja kabisa kwenye ndoo ukitafuta nyuzi nyeupe zenye magamba na viazi vyeusi. Ukiwa na shaka, weka mabonge mawili kwenye beseni lenye udongo safi wiki nne, uyamwagilie, uyakate mara mbili. Ndago itakuwa imejitokeza kwa kurefuka kuliko vyote, na sangari itachomoza pembeni ya bonge, mahali ambapo hukupanda kitu.